Kuhamia Kisumu au Nakuru kwa Kazi: Njia Nne za Kulipiwa Gharama na Kodi Inayofuata Kila Moja

Mfanyakazi anayehamishwa kutoka Nairobi kwenda Kisumu, au kutoka Eldoret kwenda Nakuru, hukutana na gharama nyingi ndani ya majuma machache: lori la kubeba vyombo, nauli ya familia, hoteli au chumba cha muda kabla hajapata nyumba, kisha pango la mwezi wa kwanza pamoja na dipositi. Swali analouliza mapema ni kama anaweza kuziandika gharama hizi katika ritani yake ili apunguziwe kodi. Kwa mwajiriwa wa Kenya, jibu ni kwamba hawezi. Makato anayoruhusiwa yanafahamika: michango ya uzeeni hadi shilingi 30,000 kwa mwezi, SHIF (mchango wa bima ya afya ya jamii), ushuru wa nyumba za bei nafuu, riba ya mkopo wa nyumba anayoishi hadi shilingi 360,000 kwa mwaka, na mengine machache. Gharama za kuhama hazimo. Tena kifungu cha 16 cha Sheria ya Kodi ya Mapato kinakataza waziwazi kukata matumizi ya kujitunza mtu mwenyewe, familia yake na nyumba yake.

Hata hivyo uchaguzi upo, na ni mkubwa, ila haufanyiki wakati wa kujaza ritani. Unafanyika katika mazungumzo na mwajiri kabla vyombo havijapakiwa. Shilingi 150,000 za kugharimia uhamisho zinaweza kukatwa kodi ya shilingi 45,000, au zikakatwa kidogo, au zisikatwe kabisa, kwa kutegemea zimepitia njia gani na barua ya uhamisho imeandikwaje. Nimeona wafanyakazi wengi wakipigania kiasi cha fedha na kusahau kuuliza njia, na ndiyo maana nimeandika ulinganisho huu.

Anayetafuta maelezo kwenye intaneti ahakikishe anasoma sheria ya nchi gani. Miongozo mingi inayojitokeza ni ya Marekani, ambako makato ya gharama za kuhama yaliondolewa kuanzia mwaka wa 2018 kwa karibu kila mtu, wakibaki hasa wanajeshi walio kazini wanaohamishwa kwa amri. Mingine ni ya Uingereza, ambako mwajiri anaweza kugharimia uhamisho wa mfanyakazi hadi pauni 8,000 bila kodi. Kenya haina kiwango maalumu cha namna hiyo kwa uhamisho wa ndani ya nchi. Kinachoangaliwa kwetu ni kanuni za jumla za mapato ya ajira, na kanuni hizo ndizo zinazozitofautisha njia nne zinazofuata.

Vigezo vya kupimia

Nimezipima njia zote kwa mambo manne. La kwanza ni kodi yenyewe, yaani ni sehemu gani ya fedha inayoingizwa katika pato la mwezi na kukatwa PAYE, kodi ya mshahara ambayo mwajiri hukata kila mwezi. La pili ni nani anayetangulia kutoa fedha, kwa sababu njia isiyo na kodi haimfai mtu asiye na akiba ya kulipia lori leo akisubiri kurejeshewa mwezi ujao. La tatu ni karatasi zinazohitajika na ugumu wa kuzipata. La nne ni uhuru: mfanyakazi ana nafasi gani ya kuamua atumieje fedha hizo, na abaki na nini akibana matumizi.

Kuna jambo la tano ambalo si kigezo bali ndilo msingi wa yote, nalo ni tarehe ambayo kituo cha kawaida cha kazi kinabadilika. Sheria inamtendea kwa namna moja mtu aliye nje ya kituo chake cha kawaida kwa shughuli rasmi, na kwa namna nyingine mtu ambaye kituo chake kimeshahamia pale alipo. Mhandisi anayetumwa Kisumu kwa majuma matatu kukagua mradi, huku kituo chake kikiwa Nairobi, yuko safarini kikazi. Mhandisi huyohuyo akipewa barua inayosema kwamba kuanzia tarehe 1 Machi kituo chake ni Kisumu, basi tarehe 2 Machi akilala hotelini Milimani hayuko safarini tena. Yuko nyumbani kwake kwa macho ya sheria, hata kama bado hajapata nyumba. Sentensi moja ya barua inaweza kuamua kodi ya mwezi mzima.

Njia ya kwanza: posho ya uhamisho ya mkupuo

Mwajiri anakubali kiasi fulani, anakiingiza katika mshahara wa mwezi, na mfanyakazi anajipangia mwenyewe.

Kwa upande wa kodi hii ndiyo njia nzito kuliko zote, kwa sababu sheria inahesabu posho inayotokana na ajira kuwa pato. Tuchukulie mfanyakazi ambaye mshahara wake unaotozwa kodi ni shilingi 120,000 kwa mwezi, na anapewa 150,000 za kuhamia. Jumla ni 270,000, ambayo bado iko ndani ya daraja la asilimia 30 linaloanzia shilingi 32,334 na kuishia 500,000. Kodi ya posho ni 45,000, na mkononi zinabaki 105,000, bila kuhesabu makato mengine ya mwezi huo. Ili abaki na 150,000 kamili, mwajiri angelazimika kutoa takriban 214,300. Ni haki ya mfanyakazi kuuliza mapema: kiasi mlichonitajia ni kabla ya kodi au baada ya kodi? Swali hili fupi limeokoa watu wengi.

Kwa mwenye kipato cha chini kuna jambo ambalo halisemwi vya kutosha. PAYE hukatwa kwa madaraja ya mwezi, lakini kodi halisi ni ya mwaka. Mtu ambaye mshahara wake unaotozwa kodi ni 28,000 kwa mwezi akipewa mkupuo wa 40,000, sehemu kubwa ya mkupuo huo itarukia daraja la asilimia 30 mwezi huo, na kodi yake itakuwa karibu shilingi 11,783. Kwa hesabu ya mwaka, pato lake lote ni 376,000, chini ya mpaka wa 388,000 ambapo asilimia 30 huanza. Kwa hiyo mkupuo wote ulistahili kutozwa asilimia 25, yaani 10,000. Zile 1,783 zilizozidi ni haki yake, na anaweza kuziomba katika ritani ya mwaka kupitia iTax, mfumo wa kodi wa mtandaoni, akiwa na fomu ya P9 mkononi, ile ya mwajiri inayoonyesha mshahara na kodi ya mwaka mzima. Si fedha nyingi, lakini kwa mshahara huo ni fedha zinazohisika.

Fedha hutangulia, na hilo ndilo jambo zuri la mkupuo. Hakuna risiti za kukusanya, hakuna mhasibu wa kumfuata. Uhuru nao ni kamili: anayepata lori linalorudi Kisumu tupu na kulipa nusu ya bei hubaki na tofauti. Waajiri wengi huipendelea njia hii pia, kwa kuwa malipo ya mfanyakazi hayahitaji ankara ya eTIMS, yaani ankara ya kielektroniki ya mamlaka ya kodi, ilhali kila shilingi inayolipwa kwa hoteli au mwenye lori inahitaji ankara hiyo ili mwajiri akubaliwe kuikata kama gharama ya biashara. Inamfaa mwenye vyombo vichache, anayejua kutafuta bei, na ambaye mwajiri wake amekubali kuongeza kiasi cha kufidia kodi.

Njia ya pili: kurejeshewa gharama kwa risiti

Hapa mfanyakazi analipa, anapeleka risiti, naye anarudishiwa alichotumia bila nyongeza.

Sheria inasema kwamba posho haihesabiwi kuwa pato ikiwa inawakilisha tu urejeshaji wa kiasi ambacho mfanyakazi alitumia kikamilifu na kwa ajili pekee ya kuzalisha pato lake la ajira. Kila neno hapo lina uzito. Nauli ya safari ya kikazi inapita bila shida. Mafuta ya gari lako mwenyewe katika shughuli rasmi yanapita pia, na tangu Sheria ya Fedha ya 2023 posho ya usafiri wa kikazi inayolipwa kwa kiwango cha kilomita kilichoidhinishwa na Chama cha Magari cha Kenya haitozwi kodi. Safari ya Nairobi hadi Kisumu ni takriban kilomita 350, na hadi Nakuru takriban 160, kwa hiyo si jambo dogo kwa anayeendesha mwenyewe.

Ugumu unaanza kwenye sofa na kitanda. Kuhamisha vyombo vya nyumbani kunakaribia sana matumizi ya kifamilia ambayo kifungu cha 16 kinayakataa. Hoja ya mfanyakazi ina nguvu zaidi pale ambapo tayari yuko kazini, mwajiri ndiye aliyeamuru uhamisho, barua inasema gharama ni za mwajiri, na kuna sera iliyoandikwa inayowahusu wafanyakazi wote. Hoja hiyo ni dhaifu kwa mtu aliyeomba kazi mpya Nakuru akitokea Machakos, kwa sababu alihama ili aipate ajira, si katika kuitekeleza. Na dipositi ya nyumba haiingii hapa hata kidogo: ni fedha itakayorudi, hivyo si gharama. Mwajiri anayetaka kusaidia kwenye dipositi aitoe kama mkopo unaokatwa kidogo kidogo katika mshahara. Mkopo si pato la mfanyakazi, ingawa usipokuwa na riba mwajiri hudaiwa kodi ya manufaa juu ya riba aliyosamehe.

Ni nani anayetangulia kutoa fedha? Mfanyakazi, na hapo ndipo njia hii inapowaumiza wengi. Dawa ipo, nayo ni masurufu: mwajiri anatoa fedha mapema, mfanyakazi anatoa hesabu kwa risiti ndani ya muda uliowekwa, na kilichobaki kinarudi. Kwa kodi, masurufu yaliyotolewa hesabu hutazamwa kama urejeshaji. Yasiyotolewa hesabu hugeuka mshahara. Iwapo ofisi yako inatoa masurufu kwa safari, omba yatumike pia kwa uhamisho.

Karatasi ndizo nyingi kuliko njia zote. Ujumbe wa M-Pesa unaonyesha kwamba fedha zilitoka, hauonyeshi zilinunua nini. Omba ankara ya eTIMS yenye jina na PIN ya mwajiri, si yako, kwa hoteli na kwa mwenye lori. Wenye malori wadogo mara nyingi hawana mfumo huo. Kwa mwuzaji ambaye mauzo yake hayazidi shilingi milioni 5 kwa mwaka, marekebisho ya Sheria ya Taratibu za Kodi ya 2024 yanamruhusu mnunuzi kutoa ankara kwa niaba yake. Mweleze mhasibu jambo hili kabla ya siku ya kuhama, kwa sababu baada ya hapo mwenye lori huwa ameshafika Busia na simu haipokelewi. Kumbukumbu za kodi huhifadhiwa kwa miaka mitano, na picha ya risiti iliyopigwa mapema hudumu kuliko karatasi ya mashine inayofifia.

Uhuru ni mdogo. Ukibana matumizi, anayefaidika ni mwajiri. Njia hii inamfaa mfanyakazi wa zamani anayehamishwa kwa amri, mwenye familia na vyombo vingi, katika ofisi yenye uhasibu unaofanya kazi kwa utaratibu.

Njia ya tatu: mwajiri kulipa moja kwa moja

Katika njia hii fedha hazipiti mkononi mwa mfanyakazi. Mwajiri anaagiza lori kwa jina lake, analipa hoteli, au anapanga nyumba na kumweka mfanyakazi ndani. Lori na nyumba vina kanuni tofauti, kwa hiyo nitavieleza kimoja kimoja.

Lori likilipwa na mwajiri, na likihesabiwa kuwa manufaa kwa mfanyakazi, ni manufaa yasiyo ya fedha taslimu. Manufaa ya aina hii hayatozwi kodi ikiwa jumla yake kwa mwaka haifiki shilingi 60,000, kiwango kilichopandishwa kutoka 36,000 na marekebisho ya sheria za kodi ya Desemba 2024. Tuseme lori la Nairobi hadi Nakuru limegharimu shilingi 30,000, na hakuna manufaa mengine mwaka huo. Hapo hakuna kodi, ilhali mkupuo wa 30,000 ungekatwa 9,000 kwa mtu wa daraja la asilimia 30. Ofisi nyingi zimezoea kuigawanya 60,000 kuwa 5,000 kwa mwezi, na mfumo wa mishahara unaweza kuitoza 30,000 yote kwa kuwa imezidi 5,000 katika mwezi mmoja. Mwombe mhasibu aangalie jumla ya mwaka. Tangu Julai 2025 waajiri wanatakiwa na sheria kuzingatia makato, nafuu na misamaha yote inayomhusu mfanyakazi wanapokokotoa PAYE, kwa hiyo ombi hilo si la hisani.

Nyumba ni habari nyingine. Mwajiri akimpangia mfanyakazi nyumba kutoka kwa mwenye nyumba asiye na uhusiano naye, thamani inayoongezwa kwenye pato ni asilimia 15 ya mapato ya ajira au pango halisi, lolote lililo kubwa. Kwa mshahara wa 120,000, asilimia 15 ni 18,000. Nyumba ya Milimani, Kisumu, ikiwa pango lake ni 45,000, basi 45,000 ndizo zinazoongezwa, na kodi yake ni 13,500 kila mwezi. Nyumba ya Nyamasaria ya 15,000 ingehesabiwa kuwa ni 18,000. Nyumba ikiwa mali ya mwajiri mwenyewe, kipimo ni pango la soko. Mfanyakazi akichangia sehemu ya pango, mchango wake hupunguzwa katika thamani hiyo. Wafanyakazi wa mashamba ambao mkataba unawalazimu kuishi shambani, kama ilivyo kwa wengi katika mashamba ya chai ya Kericho na Nandi, wana kipimo chao chepesi zaidi cha asilimia 10.

Basi kwa kodi, nyumba ya 45,000 iliyolipwa na mwajiri na marupurupu ya nyumba ya 45,000 yaliyoingizwa kwenye mshahara ni mamoja. Tofauti iko kwenye uhuru na kwenye mzigo wa kuanzia. Anayepewa marupurupu anaweza kuishi Mamboleo kwa nusu ya kiasi hicho na kuweka akiba. Anayepewa nyumba hatoi dipositi, hasainiani na mwenye nyumba, na siku anapohamishwa tena hadai chochote wala hadaiwi. Ikumbukwe pia kwamba Sheria ya Ajira ya 2007, kifungu cha 31, inamtaka mwajiri kutoa makazi yanayofaa karibu na kazi au fedha za kutosha za pango, isipokuwa pale mkataba umeshaijumuisha sehemu hiyo katika mshahara. Soma mkataba kabla ya kuomba unachodhani ni nyongeza. Huenda tayari unakipata, au huenda ulikuwa unakidai miaka yote.

Hoteli ya majuma ya kwanza inategemea ile tarehe niliyoitaja. Kabla kituo hakijabadilika, ni gharama ya safari ya kikazi. Baada ya kubadilika, ni makazi aliyopewa mfanyakazi, na bei ya hoteli ya usiku mmoja huzidi pango la siku nyingi.

Kwa karatasi, kazi yote ni ya mwajiri: ankara ziko kwa jina lake tangu mwanzo. Njia hii inamfaa asiye na akiba kabisa, anayehamia mahali asipopajua, na yule ambaye anatarajia kuhamishwa tena baada ya mwaka mmoja au miwili.

Njia ya nne: posho ya kujikimu kabla ya uhamisho rasmi

Njia hii ndiyo iliyobadilika zaidi hivi karibuni. Mfanyakazi aliye nje ya kituo chake cha kawaida kwa shughuli rasmi hatozwi kodi kwa kiasi cha kwanza cha posho ya kila siku, na Sheria ya Fedha ya 2025 ilikipandisha kiasi hicho kutoka shilingi 2,000 hadi shilingi 10,000 kwa siku kuanzia tarehe 1 Julai 2025. Ndani ya kiasi hicho, posho huchukuliwa kuwa ni urejeshaji wa alichotumia.

Angalia tofauti inayoletwa. Mfanyakazi anatumwa Kisumu kwa siku 21 kuandaa ofisi mpya, kwa posho ya 7,500 kwa siku. Jumla ni 157,500, na hakuna kodi. Kwa kanuni ya zamani, 5,500 za kila siku zingeweza kuingia kwenye pato, jumla 115,500, na kodi ya daraja la asilimia 30 ingekuwa 34,650. Posho ikiwa 12,000 kwa siku, zile 2,000 za juu ndizo zitakazotozwa, isipokuwa risiti zithibitishe kwamba zilitumika kwa kazi.

Kwa hiyo mpangilio ulio halali na wenye manufaa ni huu: mwajiri anamtuma mfanyakazi kwa muda wa maandalizi, kituo chake kikiwa bado cha zamani, na barua ya uhamisho inaanza kufanya kazi baada ya muda huo. Katika majuma hayo anafanya kazi halisi ya mwajiri, na jioni anatafuta nyumba. Lakini ni lazima safari iwe safari kweli. Mtu aliyeishi Nakuru kwa miezi minane, familia yake ikiwa Naka na watoto wakiwa shule ya jirani, hawezi kuitwa msafiri kwa sababu tu barua yake inataja Nairobi. KRA, yaani Mamlaka ya Mapato ya Kenya, ikikagua, itaangalia maisha, na deni la PAYE litamwangukia mwajiri pamoja na riba na adhabu. Ninawasihi wafanyakazi wasikubali mpangilio wa namna hiyo hata wakishawishiwa, kwa maana mwajiri aliyetozwa deni hilo huwageukia. Tarehe ya kuanza, tarehe ya mwisho na kazi iliyokusudiwa viandikwe.

Fedha hutangulia mara nyingi, karatasi ni chache, na uhuru ni mzuri: anayelala kwa jamaa yake Kondele badala ya hoteli hubana matumizi. Udhaifu wake ni kwamba haigusi lori wala nyumba ya kudumu. Inabeba majuma ya mpito tu. Vilevile mfanyakazi mpya, ambaye barua yake ya ajira inataja Kisumu tangu siku ya kwanza, hawezi kuitumia akiwa Kisumu, kwa sababu hana kituo kingine.

Wanaojiajiri

Mshauri au fundi mwenye mkataba wake hayuko chini ya PAYE, na kwake neno makato lina maana halisi. Hoteli na nauli za safari ya kutekeleza kazi ya mteja huko Kakamega au Bungoma ni gharama za biashara chini ya kifungu cha 15, mradi ana ankara za eTIMS. Kuhamisha familia yake hakumo. Ada ya ushauri anayolipwa na taasisi hukatwa kodi ya zuio ya asilimia 5, nayo huhesabiwa kama kodi aliyokwisha kulipa anapotoa ritani.

Kwa hali yako

Ukiwa mfanyakazi wa zamani unayehamishwa kwa amri pamoja na familia, changanya njia badala ya kuchagua moja. Omba majuma ya maandalizi kwa posho ya kujikimu, lori liagizwe na mwajiri, na nyumba iwe marupurupu kama unataka kuchagua mtaa mwenyewe. Dipositi iombe kama mkopo. Kila kipengele kiwe na mstari wake katika barua, kwa sababu barua inayosema tu kwamba utapewa shilingi 200,000 za kuhamia itasomwa kuwa mkupuo.

Ukiwa unaanza kazi mpya, sehemu kubwa ya misamaha haikuhusu. Elekeza nguvu kwenye kiasi baada ya kodi, na uombe mwajiri alipie lori mwenyewe ili jumla ya manufaa ibaki chini ya 60,000 kwa mwaka. Mkupuo si aibu kwako. Ni bei yake tu inayopaswa kueleweka kabla ya kusaini.

Ukihama peke yako na kuiacha familia Nairobi, pengine kwa sababu ya shule za watoto, fahamu kwamba nauli ya kila Ijumaa kwenda na kila Jumapili kurudi ni safari ya kibinafsi, na mwajiri akikulipia itahesabiwa kama pato. Hapa nyumba ndogo kwa marupurupu hufaa zaidi kuliko nyumba kubwa ya mwajiri, kwa sababu unatozwa kodi kwa thamani ya nyumba hata vyumba viwili vikibaki tupu.

Ukiwa kwenye shamba la chai linalotoa makazi, linganisha kipimo cha asilimia 10 na pango la mjini kabla ya kudai marupurupu. Mara nyingi nyumba ya shambani ni nafuu, ila hakikisha mkataba unasema kwamba unalazimika kuishi hapo, maana ndilo sharti la kipimo hicho.

Na ikiwa umeshahama, mkupuo umeshakatwa, na hakuna barua ya kurekebisha, bado kuna hatua moja. Chukua P9 ya mwaka huo, angalia kama mkupuo ulikusukuma kwenye daraja la juu kwa mwezi mmoja tu, na utoe ritani kabla ya tarehe 30 Juni. Kama hesabu ya mwaka inaonyesha ulilipa zaidi, omba marejesho kwenye iTax. Ukikwama, maafisa wa KRA walio Huduma Centre za Kisumu na Nakuru husaidia bila malipo.